Rangi ya Sadala

Bwana Hugo Tarrant alikuwa anakula papai Sajini Bonaventura alipoingia kwenye baraza ya hoteli ya Wazungu pale Korogwe, na hakuacha kula. Ilikuwa Jumatano saa kumi jioni, mwaka wa hamsini na sita. Jana yake mtu mmoja alikuwa ameuawa kwa risasi kule Kwaluguru, Handeni, kwenye kambi ya watu wa sinema, mwingine alikuwa ndani kwa kosa la kumuua, na huyu mwigizaji mashuhuri wa Uingereza alikuwa akitoa mbegu za papai mdomoni moja moja na kuzipanga kwenye ukingo wa sahani.

"Kaa, Sajini," alisema. "Ulishawahi kuniona kwenye sinema?"

"Bado, Bwana."

"Basi umekosa mengi."

Akaanza kuhesabu. Sinema ishirini na mbili kwa miaka ishirini. Nahodha mara tatu, mwanajeshi mara tisa, mwindaji mara sita. Simba kumi na mmoja amewaua kwa mkono wake. Sasa London wana hiki kijisanduku kinachoitwa televisheni, kila nyumba inakitaka, na yeye ameahidiwa kipindi cha kila wiki, cha mwindaji wa Afrika. Ndiyo maana kazi hii ya Handeni ilikuwa muhimu sana kwake, na ndiyo maana msiba ule ulimuudhi.

Ulimuudhi. Bonaventura aliandika neno lile kwenye daftari lake kama lilivyotamkwa, ingawa hakuna aliyemwagiza.

"Hao simba kumi na mmoja, Bwana, ni wa kwenye sinema?"

Tarrant akasimamisha kijiko. "Watazamaji hawaulizi hivyo."

"Jana mlio wa bunduki uliposikika, ulikuwa wapi?"

"Hemani. Kazi ilikuwa imekwisha saa tisa na nusu. Nguo za sinema nilimrudishia mama anayezitunza, nikavaa zangu, nikajilaza. Nikasikia mlio. Nilipotoka, watu walikuwa wamemshika yule askari wenu na bunduki mkononi. Nikapanda gari nikaja huku. Sikumsogelea marehemu hata hatua kumi. Damu siiwezi."

"Ulimfahamu marehemu? Sadala?"

"Yupi huyo? Aa, yule wa kupakwa." Akacheka, papai likamtoka kidogo pembeni mwa mdomo.

Habari ya kupakwa Bonaventura alikuwa ameisikia kambini, lakini alitaka kuisikia kwa mwenyewe. Basi Tarrant akamweleza bila haya yoyote. Vibarua arobaini walichukuliwa kutoka shamba la katani wacheze kama askari wa chifu. Sadala alikuwa mrefu, kifua kipana, akawekwa mbele. Lakini alikuwa maji ya kunde. Mwongozaji alipomtazama kwenye mashine yake akasema huyu si mweusi vya kutosha, London hawataamini. Kwa hiyo kila asubuhi, kati ya watu arobaini, Sadala peke yake alipakwa rangi nyeusi ya mafuta, kuanzia utosini mpaka kiunoni, na jioni akijikwangua mwenyewe mtoni kwa mchanga, isitoke yote.

"Mtu mweusi mmempaka rangi nyeusi," alisema Bonaventura.

"Ndiyo sanaa, Sajini."

Akachukua picha kutoka kwenye rundo lililokuwa mezani, akaitia sahihi, akamkabidhi kama zawadi. Kwenye picha Bwana Tarrant alikuwa amekanyaga simba shingoni, bunduki begani. Ukitazama vizuri, tumbo la simba lilikuwa limefumuka mshono na majani makavu yanachungulia. Bonaventura aliitia mfukoni kwa sababu kuikataa kungezua maneno. Alishuka ngazi bila kuitazama tena.

Kituoni, mahabusu alikuwa Athuman, askari wa wanyama, mtu wa makamo aliyeazimwa na serikali kwa watu wa sinema ili azitunze bunduki zao. Ni yeye aliyezijaza risasi za baruti tupu za kuchezea, na ni yeye aliyekuwa na kasha la risasi za kweli, endapo mnyama angetokea. Jumanne, kazi ilipokwisha, aliweka bunduki mezani kwake chini ya turubai, akaenda kijitoni kuswali alasiri. Katikati ya sala akasikia mlio. Aliimaliza, na aliporudi alimkuta Sadala amelala kando ya meza yake, kifua kimetobolewa, na bunduki iko chini mchangani.

"Ukafanya nini?" Bonaventura alikuwa amemuuliza.

"Nikaiokota bunduki, Afande."

"Mtu amelala na damu, wewe unaokota bunduki?"

"Ina namba, na namba hiyo nimeiwekea saini. Miaka kumi na sita nimefundishwa, silaha hailali chini. Nimeiokota kabla sijafikiri. Na huyu aliyelala ni shemeji yangu. Unadhani hilo halinitafuni?"

Ndivyo walivyomkuta, na ndivyo alivyofungwa pingu. Magari ya sinema yalikuwa yamesimama upande wa pili wa kambi, watu wakipakia vyombo, na hakuna aliyeona. Usiku ule ikanyesha mvua ikafuta nyayo zote. Daktari akatazama tundu la risasi tu, akaandika mistari miwili, maiti ikarudishwa kwao ikazikwe. Inspekta Pettifer naye akatia saini amri: mahabusu pamoja na vielelezo vyote wapelekwe mahakamani Tanga kwa treni ya Alhamisi, saa tisa alasiri. Kosa la kuua. Waliotiwa kwenye treni ile kwa kosa hilo, wachache walirudi.

Alhamisi alfajiri Bonaventura alichukua gari la polisi akaenda Kwaluguru. Alitaka jambo moja tu. Sare ya Athuman, iliyokuwa imefungwa kituoni kama kielelezo, haikuwa na alama hata moja ya rangi nyeusi. Kama Sadala alikufa pale pale mezani, sawa. Kama aliletwa pale, basi aliyemleta alichafuka.

Mzee Rehani, mwosha maiti, alimpokea kwenye uwanja wa msiba. Kando ya banda la kuoshea kulikuwa na matambara yametundikwa kwenye ua wa miti, meusi ti, yananuka mafuta ya taa.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Umekuja msibani au kazini?"

"Vyote viwili. Nataka kujua ulichokiona kwenye mwili wa Sadala."

Rehani akatikisa kichwa polepole. "Hilo usiniulize. Miaka thelathini naosha maiti. Ninachokikuta nakifukia pamoja naye. Marehemu anasitiriwa, hata baba yake simwambii."

"Athuman anapelekwa Tanga leo saa tisa."

"Nasikia."

"Sikuulizi aibu ya Sadala, mzee. Nakuuliza alichofanyiwa na mtu mwingine."

Mzee akayatazama yale matambara. Ndipo mwanamke aliyekuwa amekaa mkekani na wafiwa akainuka, kaniki kiunoni, macho yamevimba. Huyu ni Mwantumu. Sadala ni ndugu yake wa tumbo moja, Athuman ni mumewe.

"Maiti ni yangu," alisema. "Mzee Rehani, ruhusa nimekupa. Mwambie."

Rehani akashusha pumzi. "Haya. Unajua josho la maiti, Sajini? Wewe Mkristo labda hujui. Maji lazima yafike kwenye ngozi, kila mahali. Pakibaki kitu kinachozuia, josho halijatimia, na mtu hazikwi hivyo. Sasa tukaletewa kijana wetu amepakwa lami. Tumesugua kwa sabuni, wapi. Kwa majivu, wapi. Tukaomba mafuta ya taa kwa jirani, ndipo ikaanza kutoka, kidogo kidogo. Kuanzia magharibi mpaka kuku wanawika, watu watatu, kidole kwa kidole. Nimeosha walioungua, nimeosha waliokaa mtoni siku nne. Sijawahi kuchukizwa hivi. Mtu amefanywa kama boriti ya mlango."

"Kwa hiyo ngozi yake mliitazama yote."

"Hakuna ukucha tuliouruka. Ndiyo nikwambie sasa. Kwapani, huku na huku, rangi ilikuwa imekwisha kutoka kabla hatujamgusa. Na mgongoni juu, hapa, imefutika kama mtu aliyekumbatiwa kwa nyuma. Visigino vimechunika, vina mchanga ndani ya nyama. Na viganjani, vyote viwili, vibanzi vya mbao. Nilivitoa kwa sindano."

Bonaventura aliandika, akasoma kwa sauti, mzee akaweka dole gumba. Mtu aliyeburutwa kwa kwapa, visigino vinalima mchanga. Hakufa mezani kwa Athuman. Na mikono yake ilikuwa imekamata ubao, tena kwa nguvu.

Alipitia kambini. Nyuma ya jiko la watu wa sinema, chini ya paa la makuti, kulikuwa na rundo la kuni, na jana yake alikuwa amekiona pale kipande cha kifuniko cha kasha, kimechorwa duara ndani ya duara kwa chaki. Jana alikipita akidhani ni mchezo wa mpishi. Leo alikichomoa. Kilikuwa kimepasuka katikati, na kwenye kingo zake, kushoto na kulia, kulikuwa na alama za vidole vyeusi. Duara la katikati halikuguswa. Tundu la risasi lilikuwa chini kabisa, inchi mbili kutoka ukingoni, na ubao ulipasukia pale.

Alikaa juu ya gogo kwa muda. Watu wa katani alikuwa anawajua, baba yake alikata katani Korogwe mpaka mgongo ukapinda. Kibarua wa katani akiambiwa na mzungu shika hiki, anashika. Hana mazoea ya kuuliza kwa nini.

Mwantumu aliomba lifti aende kumwona mumewe kabla ya treni. Njia nzima alipakata sufuria ya ugali na mlenda iliyofungwa kwa kitambaa.

Walifika Korogwe saa saba. Bonaventura akamshusha Mwantumu kituoni, akapita mtaa wa Masuguru kumwambia koplo wake ajiandae kwa safari ya Tanga, na pale, uchochoroni, pua yake ikamsimamisha. Mafuta ya taa. Uani kwa Eliasi, dobi wa ile hoteli ya Wazungu, kulikuwa na pasi ya mkaa, mashuka yamejaa kwenye kamba, na juu ya jiwe la kufulia tambara dogo jeusi ti.

"Hodi hapa."

Eliasi alitoka, akaona ni nani, akataka kurudi ndani.

"Unafua nini kwa mafuta ya taa, bwana Eliasi?"

"Najaribu tu doa, Bwana Sajini."

"Doa la nini?"

"Ningejua la nini si lingetoka?"

"Lilete."

Dobi alisimama akihesabu hasara zake. Kisha akaingia ndani, akarudi na shati la hariri nyeupe, mfuko una herufi H na T kwa uzi wa bluu. Kuanzia kifuani mpaka tumboni lilikuwa na doa jeusi la mafuta, na mikono yote miwili kuanzia kiwiko. Sehemu moja tu, chini, ilikuwa imefifia.

"Sikuiba," alisema Eliasi haraka. "Jumanne magharibi Bwana Tarrant mwenyewe alinipa. Akasema kachome moto."

"Mbona hukuchoma?"

"Bwana Sajini, mimi dobi miaka kumi na minne. Mzungu leo anasema choma, kesho kutwa anauliza shati langu la hariri liko wapi. Nitamwonyesha majivu? Hapo mimi ni mwizi. Nguo yake imeshatiwa uzi wangu, ona hapa kwenye ukosi, mwekundu, namba ya chumba chake. Nguo yenye uzi wangu hairudi ila kwa mwenyewe. Nikasema nitaling'arisha, nilikunje, nilitie sandukuni, siku akiuliza nalitoa."

Bonaventura alilishika shati kwa ncha za vidole. Mtu amekufa, mwenzake anamburuta, kisha linalomshughulisha ni shati. Akatema mate pembeni, akaanza kuandika maelezo.

Saa nane na nusu Bwana Tarrant aliletwa ofisini kwa Inspekta Pettifer. Alikuja amenyoa, ananukia, akauliza kama itachukua muda mrefu. Bonaventura akaweka shati mezani.

"Hili ni lako, Bwana?"

Tarrant alitazama, akatabasamu. "Linafanana. Tunapigana na wale vibarua kwenye sinema, tunachafuka."

"Unapigana na shati la hariri?"

"Sielewi."

"Kwenye sinema unavaa kaki. Yule mama mtunza nguo anaipokea kila kazi ikiisha na kuifungia. Ulinieleza mwenyewe, ulimrudishia saa tisa na nusu, ukavaa zako, ukajilaza. Hii ndiyo uliyovaa baadaye. Na rangi hii alipakwa mtu mmoja tu kati ya arobaini, mtu ambaye unasema hukumsogelea hata hatua kumi."

Inspekta akaacha kuchezea kiko chake.

"Aliburutwa kwa kwapa," Bonaventura aliendelea, "na aliyemburuta alimkumbatia kwa nyuma. Mikononi alikuwa na vibanzi vya huu hapa." Akaweka ule ubao juu ya meza, duara juu. "Ulimshikisha akusimamishie shabaha."

Hapo Bwana Tarrant akalia. Alilia vizuri, lazima isemwe. Machozi yalishuka moja moja, sauti ikakatika mahali panapostahili. Gazeti moja la London lilimcheka, alisema, eti mwindaji asiyejua hata risasi inaingilia wapi. Watu wa televisheni wakasoma. Ijumaa hii mpiga picha wao alikuwa anakuja kumwona akipiga shabaha, na yeye maishani mwake alikuwa hajawahi kufyatua risasi ya kweli. Alitaka kujaribu mara moja tu, peke yake. Akachukua bunduki mezani kwa yule askari, akatoa risasi kwenye kasha lake, akamkuta yule wa kupakwa akielekea mtoni kunawa. Ubao ulihitaji mtu wa kuushika. Alidhani ataweza.

"Na kumburuta mpaka mezani kwa Athuman?"

"Niliogopa."

"Na kunyamaza siku mbili, Athuman akingoja kitanzi?"

"Ningesema," alisema Tarrant. "Baada ya Ijumaa ningesema."

Wakati anasema hivyo, Bonaventura aligundua jambo. Tangu alipoanza kulia, Bwana Tarrant alikuwa amegeuza kiti kidogo kidogo mpaka uso wake ukaelekea dirishani, kwenye mwanga. Huenda hata mwenyewe hakujua. Ndiko miaka ishirini ilikomfikisha, hata kwenye kifo cha mtu anatafuta taa.

Inspekta Pettifer aliinuka, akammiminia glasi, akampigapiga begani. "Sajini, mfungulie Athuman. Andika amri ya kumwachia, naitia saini sasa hivi."

"Ndiyo, Bwana Inspekta." Ikaandikwa, ikatiwa saini. Bonaventura akakusanya vitu mezani, akatoka. Alikaa nje kama dakika kumi. Aliporudi, Tarrant alikuwa anafuta uso kwa leso na Inspekta alikuwa amefunga dirisha.

"Nimelifikiria," alisema Inspekta. "Ni ajali. Ajali mbaya. Bwana Tarrant atapanda meli Tanga Jumamosi, afya yake haiko sawa. Haina haja ya kumharibia mtu maisha yake ya kazi. Tutalimaliza hapa hapa. Nipe lile shati na hizo karatasi, nizifungie."

"Havipo, Bwana Inspekta."

"Havipo vipi?"

"Amri uliyoitia saini jana inasema mahabusu pamoja na vielelezo vyote wapelekwe mahakamani kwa treni ya saa tisa. Mahabusu umemwachia. Vielelezo hukuvitaja. Shati, ubao, maelezo ya Mzee Rehani yenye dole lake, ya dobi, na niliyoyaandika aliposema Bwana Tarrant, vyote koplo amevipeleka stesheni. Vimeandikwa kwenye buku la reli na kutiwa lakiri ya polisi. Anayevifungua ni hakimu."

Kutoka upande wa stesheni treni ikapiga honi. Inspekta alitazama simu, kisha akamtazama Sajini wake kwa muda mrefu. Tarrant aliuliza kuna nini, Bonaventura akapiga saluti akatoka.

Nje, chini ya ukuta wa kituo, Athuman alikuwa amekaa na mkewe, sufuria katikati yao, haijafunguliwa. Viganja vyake vilikuwa bado vimekaa vimekaribiana kana kwamba pingu zipo. Alimpa Bonaventura mkono.

"Huyo mtu," aliuliza Mwantumu, "anafananaje? Sijamwona hata siku moja."

Bonaventura alikumbuka picha iliyokuwa mfukoni. Akaitoa, akampa. Mwantumu aliitazama sana, bunduki, kofia, mguu juu ya simba wa majani.

"Sadala hatuna picha yake," alisema hatimaye. "Hata moja. Hakuwahi kupigwa."

"Yupo kwenye ile sinema," alisema Athuman taratibu. "Mbele kabisa."

"Yule si yeye." Akaigeuza picha kifudifudi juu ya mchanga, akaanza kufungua kitambaa cha sufuria. "Mama yetu alikuwa maji ya kunde. Kakangu naye hivyo hivyo. Watakaomtazama huko Ulaya hawatajua. Sisi tumemsugua mpaka alfajiri, tumemzika na rangi yake. Nawa mikono, Athuman, ule."

Bonaventura akamimina maji kwenye kopo la kituo, akamshikia Athuman anawe, kisha na yeye akanawa, mara mbili, harufu ya mafuta ya taa isitoke.